Vifuta-Kioo vya Pontien

Kila alfajiri, amri ya kutotoka nje ikishamalizika tu, Hayat alichota maji kwenye bomba la uani akaanza kuosha teksi ya baba yake. Alikuwa na umri wa miaka kumi na mitatu, yuko darasa la sita, na kazi hiyo aliiomba mwenyewe. Alisugua matairi, milango na boneti, kisha akakimbia ndani kuvaa sare ya shule. Baba yake, Radjabu, hakuwa mtu wa kusifu. Lakini abiria alipoingia akasema, "Gari yako safi, shofere," Radjabu alitabasamu kwa upande mmoja wa mdomo, na hilo lilimtosha Hayat.

Hiyo ilikuwa miaka ya vita. Tena nchi jirani zilikuwa zimefunga mipaka, na bidhaa ziliingia Bujumbura kwa njia za panya tu. Petroli, sukari na vipuri vya magari vilitafutwa kwa tochi. Radjabu alirudi nyumbani, mtaa wa Jabe, kila jioni akiwa amekasirika. Alikasirikia foleni ya petroli, alikasirikia vizuizi vya barabarani, alikasirikia abiria waliobishana juu ya nauli. Mama yake Hayat, Khadidja, aliyekuwa fundi cherehani, alimwekea chakula na kumwacha mpaka moyo utulie. Siku nyingine ulitulia. Siku nyingine haukutulia, na nyumba nzima ikalala imenuna.

Mwezi wa tatu, mvua zilipokolea, vifuta-kioo vya teksi vikaisha. Bujumbura watu huviita esuiglasi: zile fimbo mbili zenye ulimi wa mpira, ambazo hufuta maji ya mvua kwenye kioo cha mbele. Mpira ulikuwa umekaushwa na jua, ukapasuka, na kipande kimoja kikawa kinaning'inia. Kila vilipopita kioo kililia kama paka aliyekanyagwa mkia.

Alhamisi mchana Radjabu alikuwa kwenye foleni ya petroli na hakuweza kuondoka, asije akapoteza nafasi. Hayat alipomletea chakula, Radjabu alivichomoa vile vifuta viwili akampa pamoja na pesa.

"Nenda navyo kwa wauza vipuri, pale kando ya soko la Jabe," alisema. "Unisikilize vizuri, maana sitarudia. Hiki kirefu ni cha upande wangu, upande wa usukani. Hiki kifupi ni cha upande wa abiria. Usiniletee viwili vya urefu mmoja, vitapigana katikati ya kioo. Pima na hivi vya zamani. Kikizidi kitagonga ukingo wa kioo. Kikipungua kitaacha mahali hapajafutwa, na hapo ndipo mtu anapojificha ukamgonga."

"Ndiyo, baba."

"Sijamaliza. Angalia hapa kinaposhikana na mkono wa gari. Mkono wetu umepinda kama ndoana, kwa hiyo kifuta kiwe na mahali pa kuingiza ndoana. Wakikupa cha kubana kwa pini, kiache. Halafu mpira ukunje kwa kidole. Ukipasuka, au ukibaki umepinda, mrudishie mwenyewe. Na usidanganywe na kung'aa. Watu siku hizi wanapaka dawa ya viatu kwenye mpira wa zamani na kuuita mpya."

Hayat alikwenda na Zubeda, rafiki yake wa darasani, msichana mpole mwenye tabia ya kusikiliza kila kitu. Muuzaji waliyemfikia aliitwa Pontien. Hakuwa mwenyeji wa Jabe. Alihamia huko mwaka uliotangulia, baada ya mtaa aliokuwa akiishi kuchomwa moto. Alikuwa mwembamba, na vipuri vyake vyote vilienea juu ya meza moja ya mbao.

Pontien alivipokea vifuta vya zamani, akaviweka juu ya meza, akaanza kulinganisha. Hayat alikunja mpira wa jozi ya kwanza. Ulibaki umepinda.

"Huu apana," alisema.

Pontien alimtazama kwa mshangao. "Nani amekufundisha?"

"Baba yangu."

"Amekufundisha vizuri." Akainama chini ya meza akatoa jozi nyingine iliyofungwa kwa gazeti. Kimoja kilikuwa kirefu na kingine kifupi, sawasawa na vile vya zamani. Mahali pa ndoana palikuwepo. Mpira ulikuwa laini, na ulipokunjwa ulirudi mahali pake mara moja. Hayat alifurahi sana, kwa kuwa alikuwa amechagua mwenyewe.

Pontien alipokuwa anavifunga tena kwenye gazeti alisema, "Sikia, binti. Kabla ya kuvifunga, osheni kioo kwa sabuni. Kioo kikiwa na mafuta, hata esuiglasi mpya kabisa..."

Lakini ng'ambo ya barabara muuza kaseti alikuwa amefungulia muziki, na Hayat alishaanza kumvuta Zubeda mkono. "Ndiyo, ndiyo," alijibu, bila kujua amejibu nini. Jioni ile Radjabu alivikagua vile vifuta, akavifunga kwenye gari, akatikisa kichwa kuonyesha kwamba ameridhika.

Jumamosi ilikuwa siku kubwa. Marguerite, mama mmoja mwenye duka mtaa wa Nyakabiga, alimkodi Radjabu ampeleke Ngagara kwenye harusi ya binti yake. Marguerite alijuana na watu wengi. Akiridhika na teksi, angewaambia wengine.

"Leo gari ling'ae," Radjabu alimwambia Hayat.

Hayat aliosha gari mara mbili. Hata hivyo halikung'aa kama alivyotaka. Ndipo akakumbuka kikopo cha mafuta ya cherehani cha mama yake. Alidondoshea mafuta kwenye kitambaa, akasugua boneti, akasugua milango, akapitisha kitambaa kwenye vioo vyote, kimoja kimoja. Teksi ilimetameta kana kwamba imetoka dukani. Radjabu alitabasamu kwa pande zote mbili za mdomo, na akamruhusu Hayat kupanda kiti cha mbele, apakate kikapu cha zawadi za bibi harusi.

Walikuwa hawajafika nusu ya njia mvua ilipoanza. Haikuanza kidogo kidogo. Ilimwagika kwa mkupuo. Radjabu alibonyeza swichi, vifuta vipya vikapanda na kushuka, na badala ya kioo kusafika, kikageuka kuwa cheupe kama kimepakwa uji. Kila vifuta vilipopita, weupe ulizidi.

"Ni nini hii?" Radjabu alifoka. Aliinamia usukani, akasugua kioo kwa ndani, wapi! Akafungua dirisha akatoa kichwa nje, mvua ikimpiga machoni.

"Shofere, simama!" Marguerite alipiga kelele kutoka nyuma.

Papo hapo kivuli kilitokea mbele yao. Alikuwa mtu anayesukuma baiskeli yenye gunia la makaa. Radjabu alikata usukani kwa nguvu. Gari lilimkosa yule mtu kwa kiasi cha mkono, likapanda ukingo wa barabara, na gurudumu la mbele likatumbukia mtaroni. Kikapu kiliruka kutoka mapajani mwa Hayat. Taa moja ilipasuka. Marguerite alijigonga kwenye kiti cha mbele, damu ikamtoka puani ikadondokea kwenye vazi lake la harusi.

Mtu wa baiskeli aliiachia baiskeli ikaanguka. "Unataka kuniua?" alilia. "Nimeponea risasi, nije kufa kwa teksi?"

"Unaendesha kama kipofu!" Marguerite alisema, leso puani. "Siku ya harusi ya mwanangu! Nyakabiga yote itajua wewe ni dereva wa namna gani." Alishuka, akachukua kikapu chake kilicholowa, akaenda zake kwa miguu katika mvua ileile. Hakutazama nyuma.

Radjabu alisimama kando ya mtaro, nguo zimemganda mwilini. Hasira zote alizozikusanya mwaka mzima zilipata mahali pa kwenda.

"Ni yule mwizi wa Jabe!" alisema. "Ametuuzia mpira uliooza. Mwizi! Muuaji!"

Hayat aliyameza maneno hayo kama yalivyo. Wapita njia walipokuwa wanasaidia kulitoa gari mtaroni, yeye aliokota vipande vya taa iliyopasuka. Alichagua kwa uangalifu mkubwa, na bado yule muuzaji amemdanganya! Kwa sababu yake baba yake ametukanwa mbele ya watu, na amepoteza taa na jina.

Saa kumi mvua ilikatika. Radjabu alikwenda kutafuta taa. Hayat alimpitia Zubeda kwao, akamsimulia yote huku akitembea haraka, mikono imekunjwa ngumi.

"Labda tumuulize kwanza," Zubeda alisema, akihema kumfuata. "Siku ile alisema jambo fulani kuhusu kioo. Mi nilisikia nusu tu."

"Nimuulize nini? Mwizi anaulizwa?"

Pontien alikuwa anapanga vipuri vyake baada ya mvua. Alipomwona Hayat alianza kutabasamu.

"Mwizi!" Hayat alipaza sauti. "We ni mwizi! Ulituuzia mpira uliooza, baba yangu alikaribia kuua mtu!"

Pontien alipigwa na butwaa. "Binti, ngoja. Mi sikuuza kitu kibovu. Nileteeni esuiglasi zenyewe nizitazame..."

"Mwizi! Mwizi huyu!"

Katika mji ule, miaka ile, neno hilo halikuhitaji kurudiwa mara nyingi. Watu walikuwa wamechoka, wana njaa, wana wafu wao, na kila mmoja alikuwa na hasira yake aliyoibeba kifuani bila kujua aitue wapi. Walikuja kutoka kwenye vibanda, kutoka kwenye meza za nyanya, kutoka kwa kinyozi. Hakuna aliyeuliza ameiba nini.

"Nani mwizi? Huyu?"

"Huyu hata si wa hapa! Ametoka wapi huyu?"

Kijana mmoja aitwaye Khaled, mbeba mizigo wa soko, alipindua meza kwa teke. Vipuri vilitawanyika kwenye tope, na mikono ikaanza kuviokota kwa haraka na kuvitia mifukoni. Fimbo ilishuka ikampata Pontien sikioni. Alianguka kwa magoti, akajikinga kichwa kwa mikono miwili, na damu ikapita katikati ya vidole vyake.

Hasira ya Hayat ilimtoka yote, ikabaki hofu tupu. "Basi!" alisema. "Mwacheni, basi!" Lakini sauti yake, ambayo dakika chache zilizopita ilikusanya soko zima, sasa haikumfikia hata mtu aliyekuwa karibu naye. Zubeda alikuwa analia.

Askari wawili wa doria walikuja mbio. Mmoja alifyatua risasi hewani, na umati ukatawanyika kila upande. Yule askari alimwinua Pontien kwa ukosi wa shati. Hakuuliza, na yeye pia alikuwa na hasira.

"Unaleta fujo hapa. Ondoka, na usionekane tena mahali hapa!"

Pontien aliokota vile vilivyobaki, vingi vikiwa vimevunjika, akavifunga kwenye shati lake. Alipopita karibu na Hayat hakumtukana. Alimtazama tu, na Hayat akaona ni afadhali angetukanwa.

Hayat alirudi nyumbani. Alikaa uani akimwangalia baba yake, ambaye alikuwa amerudi na alikuwa anavichomoa vile vifuta ili amtupie Pontien usoni. Radjabu aliukunja mpira kwa kidole. Ulirudi mahali pake. Akakunja uso. Akaupitisha kidole ukingoni toka mwanzo hadi mwisho. Haukuwa na mkato wala ufa.

"Khadidja," aliita, "niletee maji."

Alimwagia maji kwenye kioo cha mbele. Maji hayakutiririka vizuri, bali yalikimbiliana yakawa matonetone. Radjabu alipitisha kidole kwenye kioo, akakinusa. Kisha akampa mkewe kidole hicho naye anuse.

"Mafuta yangu ya cherehani," Khadidja alisema.

"Nani amepaka mafuta kwenye kioo?"

Hayat alirudi hatua moja nyuma. "Sijui, baba. Labda... labda kule foleni, watoto wa..." Hapo aliyaona tena macho ya Pontien na ile damu katikati ya vidole, akashindwa kuendelea. "Ni mimi," alisema. "Nilitaka ling'ae."

Halafu akasimulia na ya sokoni, yote, mpaka ile risasi ya hewani. Radjabu alipandwa na hasira mpaka mishipa ya shingo ikamsimama. Aliinua mkono, lakini Khadidja alisimama katikati yao.

"Teremsha mkono huo, baba Hayat," alisema. Sauti yake ilikuwa ya chini, lakini Hayat hakuwahi kumwona mama yake amekasirika namna ile. "Huyu mtoto neno lile alilipata wapi? Ni wewe uliyelisema pale mtaroni, kabla hujakagua kitu chochote. Wewe mtu mzima hukuuliza, kwa nini yeye aulize? Na wewe, Hayat. Ulijua kuukunja mpira wake, ulijua kuupima urefu. Kumuuliza swali moja tu ukashindwa? Mtu angeuawa leo. Angeuawa kwa matone ya mafuta ya cherehani yangu!"

Radjabu aliteremsha mkono. Alikaa chini kwenye ndoo. "Astaghfirullah," alisema mwishowe. "Kesho tutamtafuta."

Zubeda ndiye aliyejua Pontien anakoishi, chumba kimoja nyuma ya duka la mshona viatu. Mlango ulifunguliwa na mkewe, Dorothée. Alipomwona Hayat akajua ndiye yule wa sokoni, akauziba mlango kwa mwili wake wote.

"Mnataka nini tena? Sikio la pili?"

"Mama, tumekuja kuomba radhi," Radjabu alisema. "Esuiglasi zenu hazina kosa. Kosa ni letu."

"Leo ndiyo mmejua?"

Pontien alitokea nyuma yake, kichwa kimefungwa kitambaa. Radjabu alimweleza kila kitu, hata lile neno la mtaroni, na akanyoosha mkono. Pontien hakuupokea.

"Oya, hapana," alisema. "Pole ya mlangoni siitaki. Binti yako hakunitukana mlangoni. Alinitukana sokoni, watu wakasikia. Mi nilikimbia mtaa wangu wa kwanza, uliochomwa kwa sababu ya maneno ya watu. Nikaja hapa, nikakaa kimya, nikauza vitu vyangu vya haki, nikamwambia binti yako aoshe kioo, kisibaki na mafuta. Kama mnataka kuomba radhi, mwende mkaombe palepale, mbele ya walewale. Na mi nitakuwepo nisikie."

Hayat alitamani ardhi impokee. "Nitakwenda, baba," alimwambia Pontien kwa sauti ndogo.

Usiku kucha alifikiri. Akisema tu kwamba amekosea, nani atamwamini? Watu waliona meza inapinduka, na mtu akishapigwa, waliompiga hupenda kuendelea kuamini kwamba alistahili. Asubuhi alimwambia baba yake, "Kioo tusikioshe. Twende nacho hivihivi, na tubebe sabuni, majivu na maji."

Jumatatu alasiri, baada ya shule, teksi ilisimama kando ya soko, mahali palepale, vifuta vilevile vimefungwa tena. Hayat alipanda juu ya kreti. Pontien alisimama kando, kichwa bado kimefungwa kitambaa.

"Juzi nilisema mtu huyu ni mwizi," alianza. "Nilisema uongo."

Watu wachache waligeuka. Mmoja alicheka. Khaled, aliyekuwa amebeba gunia begani, alisema, "Toka hapa, mutoto! Juzi mwizi, leo si mwizi? Amewapa nini huyu?"

Hasira ilimpanda Hayat tena, lakini safari hii alijua ni ya nini. "Hajatupa kitu! Tulimpa sisi, tulimpa fimbo! Usiniamini mimi. Njoo utazame kwa macho yako!"

Alishuka, akachukua sabuni na majivu, akasugua nusu ya kioo, upande wa usukani, mpaka kikalia chini ya kitambaa. Nusu ya upande wa abiria aliiacha na mafuta yake. Zubeda alimwaga maji juu. Radjabu, ndani ya gari, alibonyeza swichi. Upande wa usukani ukawa safi wa kuonana, watu wakaweza kuhesabu ndevu za Radjabu. Upande wa abiria ukawa uji mtupu.

Watu walisogea. "Upande ule mpira ndio mbovu," mwanamke mmoja muuza nyanya alisema.

"Haya, subiri," Hayat alijibu. Alikwenda upande wa pili akasugua kwa sabuni na majivu, akasuuza, akasugua tena. Zubeda akamwaga maji. Kifuta kilekile, cha mpira uleule, kikapita mara moja, na kioo chote kikawa safi.

Yule muuza nyanya alikuja akaugusa mpira kwa kidole.

"Mafuta niliyapaka mimi," Hayat alisema, na sasa machozi yalikuwa yanamtoka. "Baba Pontien aliniambia nioshe kioo. Sikumsikiliza. Kisha nikamwita mwizi, na nyinyi mkanisaidia kumpiga. Hakuiba kitu. Walioiba ni wale waliookota vitu vyake kwenye tope."

Wengine waliondoka taratibu, wakijifanya wana haraka. Khaled alitua gunia. Akaenda nyuma ya kibanda kimoja, akarudi na plagi za injini na kioo kidogo cha pembeni. Aliviweka mbele ya Pontien bila kumtazama usoni. Baadaye watu wengine wawili walifanya hivyo. Vitu vingi havikurudi kamwe, lakini wazee wa soko walikwenda wenyewe kuzungumza na mkubwa wa doria, na Pontien akaruhusiwa kurudi mahali pake. Radjabu alimtengenezea meza mpya kwa mbao alizokuwa amezihifadhi za kujengea jiko.

Kwa Marguerite pia walikwenda. Alikuwa bado amekasirika, na aliwasikiliza wakiwa wamesimama nje. Lakini Radjabu alipomaliza kueleza bila kumsingizia mtu, mama huyo alisema, "Dereva anayekubali kosa lake angalau najua naongea na nani." Wiki iliyofuata alimwita ampeleke kanisani. Kabla ya kupanda, aligusa kioo cha mbele kwa kidole.

Kwa muda wa mwezi mzima Hayat alikwenda kwa Pontien kila Jumamosi kumsaidia kusafisha vile vipuri vilivyookotwa kwenye tope. Hakuna aliyemtuma. Pontien hakumfukuza, lakini hakumsemesha sana. Siku moja Hayat alishindwa kuvumilia.

"Baba, bado umenikasirikia?"

"Ndiyo," Pontien alijibu, akiendelea kufuta kipuri. "Sikio linaniuma mvua ikinyesha. Nikisema sina hasira nitakuwa mwongo."

Hayat aliinamisha kichwa.

"Nitazame," Pontien alisema, akaweka kipuri chini. "Sikukatazi kukasirika. Baba yako alikuwa na sababu ya kukasirika, na wewe pia. Gari lilianguka, mtu angekufa. Lakini hasira haijui nani ana kosa. Hilo ni kazi yako kulitafuta. Umechagua mpira kwa kuukunja na kuupima kwanza, hukuuchukua hivihivi. Basi na mtu mfanyie hivyohivyo kabla ya kumhukumu. Siku nyingine njoo na kitu chenyewe mkononi, uniulize: kwa nini kimefanya hivi? Nikikosa jibu, hapo piga kelele, nami sitakulaumu."

"Nimesikia, baba."

"Umesikia, au umejibu 'ndiyo, ndiyo'?"

Hayat alitazama juu haraka. Uso wa Pontien ulikuwa bado mgumu, lakini mkono wake ulikuwa umemsogezea rundo la vifuta-kioo vilivyochanganyikana.

"Nimesikia," Hayat alirudia. Alichukua kitambaa kikavu, akaanza kuvifuta na kuvipanga jozi jozi, kirefu na kifupi chake.